Ng'ombe wa Filamu Walilala Kwetu

Watu wa filamu wanarudi Birongo mwezi ujao. Safari hii wanatafuta boma la kufanyia mazishi, lenye migomba nyuma ya nyumba na uwanja wa kutosha hema mbili. Mheshimiwa Abner atakuwa ndugu wa marehemu. Nasikia wameuliza akina mama watatu wa kanisa letu na mmoja amekubali. Simtaji. Naandika yaliyotupata sisi mwaka jana ili asome kabla ya siku yenyewe kufika, yeye na mama mwingine yeyote mwenye boma ama mwenye binti.

Mheshimiwa Abner ni mwakilishi wetu wa wadi. Uigizaji si kazi yake, anaonekana tu mara moja moja. Alianza na tangazo la chanjo, akasimama nyuma ya muuguzi akitingisha kichwa. Baadaye akawekwa kwenye mchezo wa televisheni kama hakimu. Maneno yake yalikuwa mawili, "Kesi imeahirishwa", na soko zima lilitazama. Wiki hiyo ukienda dukani kuuliza sukari, mwenye duka anakwambia kesi imeahirishwa. Kisha akawa pasta, kisha daktari wa kuwaambia watu habari mbaya. Wengine walinung'unika kwamba tunamwona zaidi kwenye kioo kuliko kwenye ile kalvati ya kupitishia maji chini ya barabara, iliyobomoka chini ya kituo cha kuuzia majani chai. Lakini hata hao wanaonung'unika, akitokea kwenye kioo walikuwa wakiitana.

Mimi mume wangu alifariki miaka sita iliyopita. Nina watoto watatu, na mkubwa ni Mokeira. Anafundisha watoto wa nasari hapa karibu. Wakati huo alikuwa ameposwa kwa maneno, ng'ombe wa mahari walikuwa hawajaja. Kijana anaitwa Bosire, fundi wa pikipiki kule Nyamira. Watu wake walikuwa wamesema watakuja Desemba shule zikifungwa. Jambo hilo nilikuwa nimeliombea muda mrefu, na nilikuwa nimeanza kupaka ukuta chokaa.

Mwezi wa tisa akaja msichana mmoja anaitwa Istarlin, mwelekezi wa filamu. Kwao asili si hapa, lakini baba yake ana duka la nguo Kisii mjini, na yeye amezaliwa hapo hapo, lugha yetu ya Ekegusii anasikia. Alikuja na Mheshimiwa mwenyewe. Walizunguka boma langu wakipima kwa mikono.

"Mama Mokeira," Mheshimiwa akaniambia, "boma lako lina sura ya televisheni."

"Lina sura ya kuvuja," nikamwambia. Akacheka.

Istarlin akaeleza. Kwenye filamu kuna tajiri wa mjini anakuja kuoa kijijini. Anapeleka ng'ombe, wazee wanawakagua, binti anaulizwa mbele ya watu kama ng'ombe wapokelewe. Tajiri ndiye Mheshimiwa. Nikamuuliza Mheshimiwa kwa nini safari hii si hakimu.

"Nimechoka kuhukumu watu," akasema. "Kabla mwaka wa kura haujafika, wacha wanione nikipendwa."

Istarlin aliniuliza zaidi ya mara moja. "Mama, hii ni sawa kwako? Kuna kitu chochote cha mila ambacho tutakosea?" Mimi nikasema sawa, ni mchezo tu. Nasema hivi ili ijulikane hakuna aliyenidanganya. Niliulizwa, nikajibu.

Siku ilikuwa Alhamisi. Mheshimiwa hakutaka ng'ombe wa kukodisha, kwa sababu alisema ng'ombe wa kukodisha wana mbavu na watu watamcheka. Akaleta ng'ombe wake wanne kwa lori kutoka kwake Nyamache. Hilo lilikuwa la kwanza katika yaliyotuponza. La pili, wazee walioajiriwa kuja kukagua walikuwa vijana waliopakwa mvi, na shemeji yangu Nyakundi, kaka mkubwa wa marehemu mume wangu, hakuvumilia.

"Huyo anashika ng'ombe mkia kama anavuta kengele ya shule," akasema.

Istarlin akamwambia, "Basi mzee, utuonyeshe."

Nyakundi akaonyesha. Akafungua mdomo wa ng'ombe akatazama meno, akapapasa kiwele, akampitisha kila mmoja mbele ya wazee wenzake wa ukoo, ambao walikuwa wamekuja kutazama tu. Akakataa mmoja kwa sababu ya jicho, wakabishana, akamkubali. Istarlin akawaambia wale vijana wa mvi waondoke, hawa ndio anaowataka. Kwa hiyo waliopokea ng'ombe ni wazee wetu wenyewe, ndani ya boma la ndugu yao, na walifanya vile wanavyofanya siku zote.

La tatu ni Mokeira. Mwigizaji aliyekuja kuwa bibi harusi alikuwa wa Nairobi, msichana mzuri, lakini akiulizwa kwa Ekegusii anajibu kama mtalii. Walijaribu, wakajaribu. Mokeira alikuwa amepita na sinia la vikombe. Istarlin akamtazama, kisha akanitazama mimi.

"Ni swali moja na jibu moja," akasema. "Atafunikwa leso hadi hapa. Uso utaonekana kidogo tu."

Mokeira akacheka akasema watoto wake wa nasari watafurahi. Mimi nikamfunga leso kwa mikono yangu.

Nyakundi akamuuliza mbele ya watu wote, "Binti yetu, hawa ng'ombe tuwapokee?"

"Wapokeeni," Mokeira akasema.

Mara ya kwanza jogoo aliwika. Mara ya pili Mheshimiwa alitazama kamera. Mara ya tatu wingu lilifunika jua. Kila mara ng'ombe walitolewa hadi barabarani wakaingizwa tena, na kila mara binti yangu akasema wapokeeni. Ilifika mara tano. Jirani yangu, Mama Nyasani, aliyekuwa amekaa ukutani, akasema, "Huyu ameolewa kuliko sisi sote." Tukacheka. Mimi pia nilicheka.

Mvua ikaja saa tisa. Lori lililokuwa lirudishe ng'ombe likakwama kwenye ile kalvati iliyobomoka. Dereva akasukumwa, akakwama zaidi, akaacha gari akaenda kwa pikipiki. Mheshimiwa akaondoka na gari lake la juu, lile halikwami. Akaniambia, "Mama, nilindie hawa hadi kesho." Ng'ombe wake wanne wakalala kwenye zizi langu, pamoja na mtamba wangu mwekundu, ng'ombe jike ambaye alikuwa hajazaa bado.

Asubuhi mmoja wao alikuwa analia. Alikuwa na ndama kule kwao, na kiwele kilikuwa kimejaa hadi maziwa yanadondoka chini. Anayefuga ataelewa. Ng'ombe akiachwa hivyo anaumia, kiwele kinashika ugonjwa. Nikachukua ndoo nikamkama. Yalikuwa maziwa mengi. Nikapika chai. Nyakundi akanywa vikombe viwili, watoto wakanywa, Mokeira akanywa kabla ya kwenda shule. Mama Nyasani akapita, nikampa kikombe na ya kubeba kwenye chupa.

Alisimama mlangoni na ile chupa. "Ya ng'ombe wa Mheshimiwa?"

"Alikuwa anaumwa kiwele," nikasema.

"Ni sawa," akasema. Lakini alisema polepole.

Lori lilivutwa mchana, ng'ombe wakaenda. Nikafagia boma nikadhani imekwisha.

Jumapili vijana wa Mheshimiwa wakatoa kipande cha video, kile walichochukua wenyewe kwa simu. Kinaonyesha ng'ombe wakiingia, Nyakundi akishika meno, Mokeira na leso yake, na Mheshimiwa amevaa kofia akitabasamu. Hakuna mahali palipoandikwa filamu. Waliandika "Mheshimiwa apata jiko Birongo" na kuweka alama za kucheka. Labda kwao ilikuwa mzaha. Kufika Jumatano kilikuwa kimezunguka hadi Keroka na Nyamira na kwa watu walio Uarabuni.

Bosire alipiga simu. Yeye alijua ni filamu, Mokeira alikuwa amemweleza hata kabla. Alisema hana neno. Ni baba yake ndiye aliyekuwa na neno. Baba yake ni mzee wa kanisa huko kwao, mtu wa kunyamaza. Alikuwa ametuma mtu kuuliza, na huyo mtu hakuuliza kama ni filamu. Aliuliza mambo matatu tu. Ng'ombe waliingia? Wazee wa ukoo waliwapokea? Walilala? Aliyeulizwa akaongeza lingine bila kuulizwa, kwamba maziwa yalinywewa.

"Baba anasema hawezi kupeleka ng'ombe mahali ng'ombe wa mtu mwingine wamelala na wamekamwa," Bosire akasema. "Anasema si hasira. Anasema tu hajui akiwapeleka watakuwa wa nini."

Mokeira aliweka simu chini akaendelea kuchambua mboga. Baadaye akaniambia watoto wa nasari wanamwita Mama Mheshimiwa, na kwamba mmoja ameambiwa na nyanya yake asimwite mwalimu tena. Alinieleza kama anayesoma orodha. Siku zile alikuwa hali vizuri. Asubuhi anakunywa chai ya rangi, ya maziwa hagusi.

Nikaenda kwa ofisi ya Mheshimiwa, kule Nyamache. Nilingoja kwenye benchi tangu saa tatu hadi saa saba. Alinipokea vizuri, akanipa soda.

"Mama, hiyo ilikuwa sanaa," akaniambia.

"Mheshimiwa, sanaa ililala kwangu."

Akacheka, halafu akaona sicheki. Nikamwomba kitu kimoja, aseme mbele ya watu kwamba hakuoa na hakuna mahari yake kwangu. Akaahidi. Akasema Ijumaa kuna matanga makubwa na atapewa nafasi ya kuzungumza, atalimaliza hapo.

Nilienda hayo matanga. Aliongea juu ya marehemu, akaongea juu ya barabara, kisha akasema, "Kuna watu wanasema nimeoa Birongo. Ni kweli, nimeoa kwenye televisheni. Huyo ni bibi mzuri sana, hali chakula, hadai viatu." Watu wakacheka hadi waombolezaji. Angeachia hapo labda ingefaa. Lakini mtu akishacheka, yeye huongeza. Akasema, "Lakini mkinirudisha ofisini, nani anajua, tutaitengenezea sehemu ya pili."

Shangazi yake Bosire, anaitwa Gesare, alikuwa amekaa viti viwili mbele yangu. Hakugeuka kunitazama. Aliondoka kabla ya chakula.

Jioni hiyo nilimwita Nyakundi. Alikuwa amenuna wiki nzima, kwa sababu video ile ilikuwa na mikono yake na kila mtu aliijua. Nikamuuliza njia ipi ipo. Alikaa, akaomba chai, akaitazama kwanza kabla ya kunywa.

"Mwanamke akirudi kwao," akasema, "ng'ombe wanarudishwa. Hapo hakuna wa kuuliza tena."

"Lakini hakuolewa."

"Najua hakuolewa. Nilikuwepo." Akaweka kikombe. "Ng'ombe wake walirudi kwa lori kama mizigo. Hakuna aliyewarudisha. Dereva aliwachukua. Na tulikunywa maziwa, hayo hatuwezi kuyatoa tumboni. Lazima kitoke kitu hapa, kipelekwe kwa miguu, kipokelewe kwake mchana mbele ya watu. Na wa Nyamira wawe wanaona."

"Kitu gani?"

Aligeuza uso kuelekea zizi. Kulikuwa na mmoja tu huko.

Mtamba wangu alikuwa na mimba ya miezi sita. Nilikuwa namngoja kwa maziwa ya nyumba na karo ya wadogo. Sitasema mengi juu ya hilo. Nilienda kumkatia majani nikasimama hapo kidogo, kisha nikarudi nikamwambia Nyakundi apange siku.

Nikampigia Istarlin pia, kwa sababu picha zilikuwa zake. Nikamweleza yaliyotokea.

"Hata kwetu mahari haichezewi," akasema. "Ningejua watalala kwako ningekodisha trekta ivute lori. Mama, niliuliza."

"Uliuliza," nikamwambia.

Aliahidi kuandika kwa herufi kubwa mwanzoni mwa filamu kwamba ni hadithi. Aliandika kweli. Lakini filamu ilikuwa itoke mwaka unaofuata, na Desemba ilikuwa wiki tano mbele.

Tulienda siku ya Jumanne. Nyakundi mbele na wazee wanne, wale wale wa video. Mimi nyuma, na Mokeira akiwa ameshika kamba, kwa sababu Nyakundi alisema yeye ndiye aliyesema wapokeeni, basi yeye arudishe. Kutoka kwetu hadi Nyamache kwa miguu na ng'ombe si mchezo. Watu walitoka madukani wakatazama. Mmoja akauliza kwa sauti, "Leo ni sehemu ya pili?" Mokeira akamjibu bila kusimama, "Leo ni mwisho." Ndilo neno pekee alilosema njiani.

Gesare alitungoja kwenye kona ya barabara na mzee mwingine wa kwao. Alinisalimia, akatembea upande wa pili wa barabara. Kwa mtu aliyekuja kuwa shahidi, hilo lilikuwa sawa.

Mheshimiwa alikuwa ameambiwa. Na kwa vile alikuwa ameambiwa, alikuwa amejitayarisha. Tulikuta viti vimepangwa, amevaa ile kofia ya filamu, na vijana wake wawili wameshika simu juu. Nyakundi akasimama.

"Hizo simu," akasema.

"Ni kumbukumbu tu, omogaka," Mheshimiwa akamwambia, akimwita mzee kwa heshima. "Watu waliona wakiingia, wacha waone wakitoka."

Nyakundi akafikiri. Maneno hayo yalikuwa na akili, na ndivyo alivyo Mheshimiwa, si mtu mjinga. Akakubali. Lango likafunguliwa. Nyakundi akasema yale yanayosemwa, kwamba kilichokuja kwetu kimerudi, na hatuna deni la mtoto kwa nyumba hii, na nyumba hii haina mtoto kwetu. Mokeira akavusha mtamba langoni, akaachilia kamba, akarudi nyuma hadi upande wetu. Mheshimiwa akamshika pembe akasema amepokea. Wazee wakaitikia. Nikaona Gesare akitikisa kichwa kidogo, kama mtu anayeweka alama kwenye daftari.

Halafu kijana mmoja akasema, "Mheshimiwa, jua lilikuwa linapiga usoni. Hujaonekana."

"Turudie," Mheshimiwa akasema. Alisema vile anavyosema Istarlin, kwa urahisi. "Mokeira, njoo umtoe, muanze tena pale barabarani."

Hakuna aliyesogea. Ng'ombe akitoka tena kwenye lango la Mheshimiwa, ameshikwa na Mokeira, kuelekea kwetu, mbele ya Gesare, hapo tungekuwa tumepokea mara ya sita. Mheshimiwa alikuwa ameshika kamba tayari. Alikuwa anaivuta. Mtamba alikuwa anamfuata, kwa sababu ni mpole, nilimlea mwenyewe.

Mokeira alikwenda akasimama katikati ya lango.

"Sitashika," akasema.

"Ni dakika moja, binti."

"Hata Alhamisi ile ilikuwa dakika moja."

Ndipo mke wa Mheshimiwa akatoka jikoni. Anaitwa Lorna. Sikuwa nimewahi kuongea naye. Alikuwa na mwiko mkononi, ugali ulikuwa motoni. Alimpita mumewe, akamwambia Mokeira kwa upole, "Toka hapo, mwanangu, nifunge." Mokeira akatoka nje. Lorna akalivuta lango, akalifunga kwa komeo, ng'ombe na mume wakiwa ndani, sisi tukiwa nje. Tukamsikia akisema huko ndani, si kwa sauti kubwa.

"Sokoni wananiuliza mke mwenzangu hajambo. Kila siku. Funga ng'ombe uje ule."

Mheshimiwa alisema kitu ambacho hatukusikia. Kisha tukasikia kwato zikienda nyuma ya nyumba.

Gesare alivuka barabara akaja upande wetu. Akamtazama Mokeira miguuni hadi kichwani, kama vile hakuwa amemwona kabla.

"Umetembea mbali," akamwambia. "Umekula?"

"Bado."

"Basi tutafute chai." Na kwenye hoteli alipoletewa, akamsogezea ile ya maziwa. Mokeira aliitazama, akainywa.

Watu wa Bosire walikuja Desemba, siku ya kumi na tisa. Baba yake Bosire alisimama langoni kwanza akatazama juu ya migomba na kwenye paa. Akauliza kama kuna simu yoyote imewashwa. Nyakundi alikuwa amezikusanya zote kwenye karai na kulifunika na sufuria. Ng'ombe waliingia mara moja.

Filamu ilitoka mwezi wa nne. Tuliitazama kwa Mama Nyasani. Ile sehemu ya boma letu ni fupi, hata chai haichemki kabla haijaisha. Mokeira anaonekana mkono na kipande cha leso. Sauti yake waliibadilisha, wakaweka ya yule msichana wa Nairobi. Mheshimiwa anaonekana vizuri.

Mtamba alizaa Februari. Jike. Nimeambiwa na wapita njia, mimi sipiti huko.

Sasa huyo mama aliyekubali mazishi. Nimesikia ameambiwa kaburi litachimbwa kweli, nyuma ya nyumba, kwa sababu kamera inataka udongo mbichi. Ameambiwa baada ya kazi watalifukia siku hiyo hiyo. Ninajua ile kalvati bado iko vile ilivyokuwa, na mwezi ujao ni mwezi wa mvua. Mvua ikija saa tisa wataondoka na magari ya juu, na wewe utabaki na shimo la urefu wa mtu, wazi, na wazee watakaa na kuulizana ni la nani. Najua utaambiwa ukate mgomba, uuzike humo badala ya mtu. Lakini kabla ya mgomba kuna siku nzima ya kuwatazama watoto wako mmoja mmoja.

Istarlin ni msichana mzuri na atakuuliza kama ni sawa. Atauliza mara mbili, mara tatu. Usijibu siku hiyo. Mwambie unakwenda kumuuliza Nyakundi.